Kabla Haujavunjika Ulikuwa Unaitwaje?

Mpwa wangu ana miaka 11 na hana adabu na madaftari ya watu. Nilimkuta amelala kifudifudi sakafuni, miguu hewani, amefungua daftari langu la jalada gumu, lile lililoandikwa KESHA, jina la dunia niliyoibuni, kwa wino mzito. Alikuwa ukurasa wa kwanza.

Ukurasa huo ndio niliokuwa naujivunia kuliko zote. Una mchoro wa anga la usiku, na katikati kuna mwezi uliomeguka. Theluthi yake haipo. Ukingo umebaki na meno meno kama chungu kilichoangushwa, na pembeni vinaelea vipande vidogo kumi na saba (nilivihesabu wakati navichora). Chini nimeandika: "Hili ndilo Gae. Limekaa juu ya Kesha tangu siku ya Mvunjiko."

Alisoma, akageuza kichwa.

"Mjomba, kabla haujavunjika ulikuwa unaitwaje?"

Nikafungua mdomo nimjibu, nikakuta sina cha kusema.

## Gae lipo, chungu kiko wapi?

Nilimwambia nitaangalia.

"Utaangalia wapi?" akasema. "Si umetunga mwenyewe?"

Akafunga daftari akaenda zake. Swali likabaki kwangu wiki sita. Naosha vyombo, lipo. Nimepanga foleni, lipo. Usiku naamka kunywa maji, nachungulia dirishani, na mwezi wetu mzima uko pale juu umetulia kama mtu anayejua jibu na hataki kusema.

Mnaonifuata siku nyingi mnaijua Kesha, kwa hiyo sitarudia ramani wala habari za koo. Itoshe kusema kwamba kwa miaka tisa kila nilichokitunga nimekitundika kwenye Gae. Watu wa Udongo huapa kwalo. Watu wa Upwa hulitazama kabla ya kusukuma mashua majini. Watu wa Mnara wana rafu nzima za hesabu za kivuli chake. Kuna misemo yake, kuna matusi yake, kuna hata wasichana waliopewa jina hilo. Na jina lenyewe nililichota kwenye methali tunayoijua sote: mfinyanzi hulia gaeni. Nilimpenda huyo muumba aliyefinyanga bahari na nyota, kisha akabaki anakula kwenye kipande.

Lakini gae ni jina la masalia. Mtu hawezi kusema gae bila kujua kwamba hapo palikuwa na chungu. Watu wa dunia nzima nimewapa neno la kilichobaki, na kwa miaka tisa sikujiuliza neno la kilichokuwepo.

Mtoto aliliona kabla hajafungua ukurasa wa pili.

## Nikakimbilia fizikia

Nitakiri: sikulijibu. Nilifanya wanachofanya watunzi wengi wa dunia za kubuni tukibanwa, nikaanza kupiga hesabu. Nilijiambia kwamba kabla ya kutafuta jina la mwezi mzima, kwanza nihakikishe unaweza kuvunjika. Mtu anadaiwa sebuleni, yeye yuko uani anafagia.

Na uani kwenyewe palikuwa pachafu.

Nilichukua mwezi wetu kuwa kipimo, wenye upana wa kilomita 3,474, maana Gae nimelichora kwa ukubwa huohuo. Kuusambaratisha mwezi wa namna hiyo hadi vipande visirudiane kunahitaji nishati ambayo Jua huitoa, kwa pande zake zote, kwa zaidi ya dakika tano. Dakika tano zinasikika chache, mpaka ukumbuke kwamba Dunia yetu hupata chini ya sehemu moja kati ya bilioni mbili za mwanga huo, na hiyo peke yake inatosha kutuchoma visogo. Katika hadithi yangu kazi hiyo ilifanywa na Mfinyanzi aliyeitwa jina akageuka, chungu kikamponyoka. Hata kama mimi nimemega theluthi tu, bado ni kuponyokwa kukubwa.

Nilidhani hilo litakuwa baya kuliko yote. Halikuwa.

Yaliyonitoa jasho ni yale meno meno ya ukingoni. Jiwe dogo linaweza kuwa na umbo lolote linalotaka. Phobos, mwezi wa Mirihi, una urefu wa kilomita 27 hivi na umekaa kama kiazi, na hakuna anayeulalamikia. Lakini jiwe likishakuwa kubwa kiasi fulani, uzito wake wenyewe hulivuta kila upande kuelekea katikati mpaka liwe mviringo. Mimas, mwezi wa Zohali, una upana wa kilomita 400 tu na tayari ni tufe, ingawa uliwahi kupigwa na kitu kikaacha shimo lenye upana wa karibu theluthi ya mwezi wenyewe. Sasa mwezi wa kilomita 3,474 utabakije na ukingo wa chungu kilichovunjika? Haubaki. Miamba yake ingeporomoka kuelekea katikati yenyewe, ukingo ukafutika, na kilichobaki kikawa tufe lililopungua.

Na vile vipande kumi na saba nilivyovihesabu kwa mapenzi yote, navyo vilinisaliti. Angani kitu hakielei tu. Ama kinaanguka, ama kinazunguka. Mwaka 1848 Mfaransa Édouard Roche alionyesha kwamba kila sayari ina mpaka: mwezi ukiingia ndani ya mpaka huo, mvuto wa sayari huuchana, na vipande vyake haviwezi kuungana tena. Kwa Dunia yetu na mwezi kama huu wetu, mpaka huo uko kilomita 18,000 hivi kutoka katikati ya Dunia. Mwezi wetu uko wastani wa kilomita 384,400. Huko mbali kanuni inageuka. Vipande vinavutana vyenyewe kwa vyenyewe, vinarudi, vinashikana.

Nikaandika pembeni kwa penseli: "Mwezi uliovunjika mbali, ukiachwa, hujiunga."

Nikageuza ukurasa. Sikujua nimeandika nini.

## Msemo nilioutupa

Nikajaribu njia ya mkato. Kama vipande haviwezi kuelea, basi niusogeze mwezi karibu, uchanike, uwe pete kama ya Zohali. Usiku ule niliandika kurasa kumi na mbili bila kuinuka.

Pete ilinipa vitu vizuri mno. Mwezi uliotandazwa sawasawa kuizunguka dunia hauivuti bahari kwa zamu, kwa hiyo kupwa na kujaa kunabaki kazi ya Jua peke yake, ambalo kwetu nguvu yake juu ya maji haifiki nusu ya ile ya mwezi. Bahari ya Kesha ikawa inajaa saa zilezile kila siku, kama karani. Bamvua hakuna, maji mafu hakuna, kwa sababu hayo huletwa na Jua na mwezi kusaidiana au kupingana, na sasa mmoja hayupo. Kalenda nayo ikafa. Kwa lugha yetu hilo halihitaji hata maelezo: mwezi ukivunjika, mwezi umevunjika.

Na katikati ya hayo ukazuka msemo. Mdaiwa wa Kesha akitaka kumzungusha mdai wake, anamwambia: "Nitakulipa bamvua." Hakuna aliye hai anayejua bamvua ni nini. Wanajua tu kwamba haiji. Nilicheka peke yangu saa nane za usiku.

Asubuhi nikasoma tena na kuona kwamba Gae halipo. Pete haina ukingo wa chungu, haina kilichobaki, haina kilichopungua. Inapendeza, lakini ni dunia ya mtu mwingine.

Nikazikata kurasa zote kumi na mbili. Ule msemo bado unaniuma.

## Walioapa

Najua baadhi yenu mkisikia mwezi kupasuka mtakumbuka mambo ya imani. Hayo yana heshima yake na mahali pake, siyagusi. Nilichokuwa nakitafuta wiki hizo ni kitu kidogo zaidi. Kama mwezi umevunjika kweli, nani aliona, na alisemaje kesho yake?

Nikakutana na Gervase, mtawa wa Canterbury huko Uingereza. Aliandika kwamba jioni moja ya Juni mwaka 1178, baada ya Jua kuzama, watu wasiopungua watano walikuwa wanautazama mwezi mchanga. Ghafla pembe yake ya juu ikapasuka vipande viwili, katikati ukachomoza kama mwenge ukitema moto na cheche, na mwezi ukajinyonga kama nyoka aliyejeruhiwa. Walikuwa tayari kuapa. Gervase akaandika kama walivyosema.

Karibu miaka 800 baadaye, mwaka 1976, mwanajiolojia Jack Hartung alipendekeza kwamba watu wale walishuhudia kugongwa kwa mwezi, na kwamba alama yake ni kreta iitwayo Giordano Bruno, yenye upana wa kilomita 22. Wazo zuri. Lakini mwaka 2001 Paul Withers akauliza swali la aina ya mpwa wangu: kama ni hivyo, vumbi lilikwenda wapi? Pigo la namna hiyo lingeinyeshea Dunia vimondo kwa karibu wiki nzima, na watunza kumbukumbu wa sehemu nyingine za dunia, waliokuwa wakiandika kila kitu cha angani, hawakuandika neno. Siku hizi kreta hiyo inakadiriwa kuwa na umri wa mamilioni ya miaka. Inaelekea wale watu waliona kimondo kikiwajia usawa uleule wa mwezi, na kwa sababu walisimama pale waliposimama, kwao mwezi ukapasuka.

Hawakudanganya. Walisimama mahali pamoja tu.

Hapo nikaona ubovu wa hadithi yangu. Kesha nzima ilikuwa na simulizi moja ya Mvunjiko, na watu wote watatu waliisimulia kwa maneno yaleyale. Hakuna aliyesimama mahali. Ni kana kwamba wote waliisoma kwenye daftari langu.

Kisa cha pili kilinigusa zaidi, maana ni cha juzijuzi. Machi 1993, Carolyn na Eugene Shoemaker pamoja na David Levy walipiga picha nyota mkia ya ajabu karibu na Mshtarii. Haikuwa doa moja. Ilikuwa imejipanga kama shanga kwenye uzi, vipande zaidi ya 20. Wanaastronomia wakapiga hesabu kurudi nyuma, wakaona ilikatiza karibu mno na Mshtarii Julai 1992 ikachanwa, kwa kanuni ileile ya Roche. Julai 1994 vipande vikaanguka kwenye sayari hiyo kimoja kimoja kwa siku kadhaa, na darubini za dunia nzima zikitazama.

Kufa kwake tulikuona wote. Kuvunjika kwake hakukuonwa na yeyote. Na nikajikuta namjibu mpwa wangu kimoyomoyo: kabla haijavunjika haikuwa na jina. Jina la hao watatu ilipewa ikiwa tayari vipande.

Nilidhani nimepata jibu. Nikaandika: "Hapakuwa na jina. Watu wa Kesha walifika baada ya Mvunjiko." Nikalala vizuri siku mbili.

Siku ya tatu nikagundua kwamba kama ni hivyo, hakuna aliyepoteza kitu. Gae linakuwa jiwe tu lenye umbo baya. Jibu lilikuwa safi, na liliua kila kitu.

## Sayari yenye jina isiyokuwepo

Tarehe 1 Januari 1801, Giuseppe Piazzi akiwa Palermo aliona Ceres, katika nafasi kubwa kati ya Mirihi na Mshtarii ambako watu walitarajia sayari. Mwaka uliofuata Heinrich Olbers akaona nyingine hapohapo, Pallas. Mbili mahali pa moja! Olbers akatoa wazo ambalo kama ningekuwa hai wakati ule ningelishika kwa mikono miwili: ni magae. Palikuwa na sayari nzima, ikavunjika. Juno ikaonekana mwaka 1804, Vesta mwaka 1807, na huyo wa Vesta alikuwa Olbers mwenyewe. Kila kipande kipya kilionekana kama ushahidi. Baadaye sayari iliyovunjika ikapewa hata jina, Phaeton, la kijana wa ngano za Kigiriki aliyeshindwa kuongoza gari la Jua.

Ukijumlisha leo asteroidi zote, yaani mawe yote yanayolizunguka Jua katika nafasi ile, uzito wake ni kama asilimia 3 ya mwezi wetu. Hapakuwa na sayari. Vile ni vifusi ambavyo havikuwahi kujengwa. Mshtarii kwa mvuto wake uliviparaganya, vikawa vinagongana kwa kasi ya kubomoana badala ya kushikana.

Nilisoma hayo mara tatu. Mara ya kwanza nilicheka. Phaeton ina jina na haikuwahi kuwepo, mwezi wangu ulikuwepo na hauna jina. Mara ya pili nikaona mwanya wa Watu wa Mnara: hao watakuwa wanaosema kwamba Gae halikuvunjika, bado linajengwa, na siku ya Mvunjiko ni uzushi wa wafinyanzi.

Mara ya tatu macho yalisimama kwenye Mshtarii.

Kwa sababu hapo Mshtarii haukuvunja sayari yoyote. Ulizuia tu, na unazuia mpaka leo.

Nikarudi kwenye ukurasa ule wa penseli. "Mwezi uliovunjika mbali, ukiachwa, hujiunga." Mbele ya macho yangu neno moja likavimba.

Ukiachwa.

## Asiyeuacha

Miaka tisa nimekuwa nauliza nani aliuvunja. Fizikia ilikuwa inaniuliza swali jingine na mimi nikadhani inanikosoa tu. Vipande kumi na saba haviwezi kuelea pale. Ukingo hauwezi kubaki na meno. Kila usiku ule mwezi unataka kujiunga. Basi kama bado ni gae, kuna anayeuzuia, na hapumziki.

Nilisimama nikazunguka chumba. Nadhani nilisema "lahaula" kwa sauti.

Kuna kanuni moja ninayoiamini katika kutunga: unaruhusiwa kuvunja sheria yoyote ya maumbile, mradi ujue umevunja ipi, na mtu ndani ya hadithi ailipie. Mimi nilikuwa nimevunja bila kujua, na hakuna aliyelipa. Sasa nilijua bili iko wapi.

Nikafuta "siku ya Mvunjiko" kila mahali. Nikawarudia watu wangu mmoja mmoja, safari hii nikiwasimamisha kila mtu mahali pake.

Watu wa Mnara wamepima. Kila jioni vipande vinasogeleana kwa unene wa unywele, na kabla ya alfajiri vinakuwa vimerudi. Wana vitabu vya vipimo hivyo vinavyojaza chumba. Wanabishana kama ni vipande vinavyorudishwa au ni macho yao yanayochoka, na hawajakubaliana, na sitawakubalisha.

Watu wa Udongo wanamjua anayezuia. Ni Mfinyanzi. Angeweza kuliunga Gae asubuhi moja tu kabla ya jua kali, udongo anao, maji anayo. Lakini akiliunga, yeye atakula kwenye nini? Wanalisema hili bila hasira, kama watu wanavyosimulia tabia za mzee wao.

Watu wa Upwa walinipa shida. Hawa niliwaacha mwisho kwa sababu ndio wanaoishi na maji, na mtu anayeishi na maji ana sababu za kuuogopa mwezi. Niliandika, nikafuta, nikaandika. Mwishowe wakanijia: wao wanaamini kwamba wanaozuia ni wao wenyewe. Mwezi ulipokuwa mzima ulikuwa unaitwa na unaitika. Ukiitwa, unashuka kidogo, na bahari inapanda kuulaki. Kuna usiku uliitwa na wengi mno kwa pamoja. Baada ya usiku huo, waliobaki wakakubaliana wasiuite tena. Kwao lile jina ndiyo gundi, nalo hawalitamki.

Kwa hiyo jina lipo.

Nilikaa chini. Ndio waliokuwa wanajua muda wote huo, na mimi nilikuwa nawaandikia nyavu na makasia.

## Hakusema "lilikuwa"

Mambo mengine mtu huyasikia kwa kuchelewa. Wiki ya tano nilikuwa nanakili lile swali la mpwa wangu mwanzoni mwa daftari jipya, neno kwa neno, na kalamu ikagoma.

"Kabla haujavunjika ulikuwa unaitwaje?"

Ukurasa aliousoma ulisema Gae. Hili. Limekaa. Kila kitu kimeandikwa kwa LI. Naye alikuwa ametoka kulisoma sekunde ile. Angetakiwa kusema "kabla halijavunjika lilikuwa linaitwaje". Hakusema hivyo. Mdomo wake uliruka juu ya gae, ukaenda moja kwa moja kwenye kitu kizima kilichokuwa hapo kabla, ukakitamka kwa U.

Mtu anaweza kusahau nomino, lakini upatanisho unabaki. Ukisikia mzee anasema "kilinyesha" unajua kuna kitu kichwani mwake ambacho si mvua, hata kama hakukitaja. Lugha inaacha nyayo za neno hata neno likishaondoka. Nikaona kwamba Watu wa Upwa, wakikata jina la mwezi mzima kila mahali, hawawezi kukata upatanisho wake. Litabaki tundu lenye umbo.

Na tundu lenye umbo kuliko yote katika lugha hii ni mshororo wenye mizani pungufu.

## Mizani tatu

Nilitunga wimbo wa kubembelezea mtoto wa Watu wa Upwa. Wa kale kuliko ule usiku, unaimbwa mpaka leo kila nyumba, tathlitha ya mizani nane kwa nane, na jina limetolewa:

Mwanangu wacha kulia, . . . . . . unatuona,
Maji yatatujilia, upwani tukiyaona,
Mashua zitatulia, na baba utamuona.

Ulipotungwa, mshororo wa pili ulikuwa ahadi. Sasa wanaimba maneno yaleyale na ni tishio, na watoto wanalala vilevile.

Jumapili mpwa wangu alipokuja nilimpa daftari jipya kabla hajalichukua mwenyewe. Alilala palepale sakafuni. Akaruka hadithi ya Mnara yote (niliumia kidogo), akasoma ya Mfinyanzi, akatabasamu kwenye sahani. Alipofika kwenye wimbo alinyamaza, na nikaona vidole vyake vinaanza kugonga sakafu. Shuleni wamefika kwenye ushairi.

"Hapa zimepungua," akasema.

"Ngapi?"

Akarudia kwa vidole. U-na-tu-o-na. "Tatu."

"Basi jina lake lilikuwa na mizani tatu."

"Kwa hiyo siyo mwezi." Hakuniangalia, alikuwa anaongea na ukurasa. "Mwe-zi. Ni mbili." Halafu: "Na linaenda na U." Halafu, baada ya muda: "Wewe unalijua?"

Nikamwambia ukweli, kwamba silijui, na kwamba nimejizuia nisilitafute.

Nilitegemea aseme tena si umetunga mwenyewe. Hakusema. Aliuimba ule wimbo kwa sauti ya chini, kwa tuni aliyoitoa anakojua yeye, na alipofika penye nukta akasimama.

"Wakifika hapa wanafanyaje, Mjomba? Wananyamaza tu? Mtoto si ataamka?"

Hilo nalo sikuwa nimelifikiria.

Akajaribu tena kutoka mwanzo. Safari hii alipofika pale hakunyamaza. Aligonga sakafu kwa kidole, polepole, mara tatu, kisha akaendelea: unatuona.

Nikachukua penseli.